Nukta Nyekundu Chini ya Hadubini

Nina chupa ya rangi ya kucha ambayo haijawahi kugusa kucha zangu. Ni nyekundu, ya bei ya chini. Ya kwanza niliinunua kwa machinga wa Igogo miaka mingi iliyopita, na kila inapokauka nanunua nyingine ya rangi ileile. Kazi yake ni vyombo.

Mwanamke yeyote aliyewahi kupika msibani ananielewa. Mtu akifiwa, majirani hawasubiri kuombwa. Kila nyumba inatoa sahani, sufuria, mabeseni na viti. Siku ya tatu watu wanatawanyika, na uani unabaki mlima wa vyombo vinavyofanana, na wanawake waliochoka ambao kila mmoja anataka vyake. Hapo ndipo mnavigeuza. Chini ya kila chombo kuna alama ya mwenyewe: herufi, msalaba, nukta, au uzi uliofungwa kwenye mkono wa sufuria. Mama yangu, kule Nansio nilikozaliwa, alitumia masalio ya rangi ya kupaka mitumbwi. Mimi nilipoolewa nikaja kuishi Pasiansi, hapa Mwanza, nikagundua kwamba rangi ya kucha inashika vizuri zaidi na haitoki kirahisi hata ukisugua kwa mchanga.

Kikundi cha akina mama wa mtaa wetu kilinikabidhi utunzaji wa vyombo nikiwa bado mgeni. Wale wazembe waliokuwa wakileta sahani zisizo na alama niliwawekea mwenyewe, huyu nukta moja, yule mbili, na nikawagombeza juu yake. Katika miaka yote hiyo halikupotea hata bakuli. Sisemi hivi kujisifu, ingawa najisifu kidogo. Nasema ili ijulikane uaminifu wangu ulikuwa wa namna gani, maana ndio ulioniponza.

Mchana nilikuwa na kazi ya mshahara. Nilikuwa mtunza maabara katika chuo kidogo hapohapo Pasiansi, jengo la ghorofa moja lililokaa juu ya mawe, ambalo ukisimama dirishani unaliona ziwa na dagaa walioanikwa ufukweni. Zamani lilikuwa gesti. Maabara yetu ilikuwa baa ya hiyo gesti, na kaunta ya kuuzia bia ndiyo tuliyoibandika vigae vyeupe ikawa meza ya kupimia damu. Chini ya kaunta zilibaki ndoano za kutundikia vifungulio vya chupa. Wanafunzi walitundika mabegi yao hapo.

Chuo kilifundisha wataalamu wa maabara za hospitali, wale wanaochukua tone la damu yako na kukwambia una malaria au huna. Lakini hakikuwa na mamlaka ya kutoa shahada. Kilikuwa chuo kishiriki cha chuo kikuu kimoja cha mbali: sisi tulifundisha, wao walitunga mitihani na kutoa vyeti vyenye muhuri wao. Muhuri ule ndio uliokuwa roho yetu. Bila huo tulikuwa gesti yenye ubao wa kuandikia.

Binti yangu alikuwa mwaka wa tatu hapo, mwaka wa mwisho. Ni mtoto wangu pekee, na baba yake alifariki yeye akiwa darasa la nne. Ni mtoto mkimya, mgumu. Ana kovu refu kwenye kidole gumba cha kushoto, alijikata siku ya kwanza nilipompa kisu apare samaki aina ya sato, akakataa kulia mbele yangu. Chuoni alinisalimia shikamoo mama kama wenzake wote, nami niliitikia marahaba kwa sura ya kazi, kisha jioni tulicheka. Kumwona na koti lake jeupe kwenye korido kulinitosha kuisahau miguu inayouma.

Barua ya ukaguzi ilifika Jumatatu. Wakaguzi wa chuo kikuu wangekuja Alhamisi kuangalia majengo, maktaba na maabara, waone kama bado tunastahili kushirikiana nao. Mkuu wa chuo aliisoma kwenye kikao. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mwalimu mstaafu aliyetia kila alichokuwa nacho katika lile jengo, na aliwajua wanafunzi wote kwa majina, hata wa mwaka wa kwanza. Barua iliambatana na orodha ya vifaa vinavyotakiwa. Hadubini, zile za kukuzia vitu ambavyo macho matupu hayavioni, zilitakiwa ishirini. Tulikuwa nazo sita, na zilizokuwa zinafanya kazi ni mbili.

Baada ya kikao aliniita pembeni.

"Mama, wageni wanakuja," alisema. "Nyumbani kwako mgeni akija na vyombo havitoshi, unafanyaje?"

"Naazima," nikamjibu.

Kosa lilianzia hapo, na naapa sikuliona. Kwangu kuazima hakukuwa udanganyifu hata chembe. Mgeni akija unaazima viti kwa jirani, na akishaketi humwambii kwamba kiti si chako. Ni heshima yake hiyo. Tena mgeni mwenyewe anajua, maana na kwao huazima. Nilidhani hata wakaguzi wana mama zao. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako, na methali hiyo niliisikia tangu utotoni, lakini sikuwahi kufikiri kwamba inahusu maabara.

Nikaingia njiani. Sekondari moja ya Ilemela, ambayo mtunza maabara wake tunaimba naye kwaya, ilinipa nane. Chuo cha uuguzi kikanipa nne. Zahanati moja ya Igogo ikanipa mbili. Nilizisafirisha kwa bajaji kwa awamu, nimezizungushia kanga, nyingine nimezipakata, na kila tuta nililiomba liwe dogo. Jumatano mchana zote zilikuwa kwenye kaunta. Ndipo mikono yangu ikafanya ilichozoea. Nilizigeuza moja moja nikazitia nukta kitakoni: nukta moja za sekondari, mbili za uuguzi, tatu za zahanati. Zetu sita sikuzitia kitu. Binti yangu alikuja baada ya kipindi akanishikia huku nikipaka, na rangi ilipokuwa inakauka nikamwacha hapo, nikaenda kuangalia gari la maji linalojaza tangi. Alikuwa akizikodolea macho zile nukta. Nilidhani amechoka.

Wakaguzi walikuwa watatu, na kati yao alikuwapo mama mtu mzima aliyevaa miwani yenye kamba shingoni. Mambo yalikwenda vizuri mpaka nikashangaa. Bomba la maabara, ambalo lilikuwa limekauka tangu mvua za mwaka uliotangulia, lilitoa maji kwa nguvu, na mwanafunzi aliyelifungua akaruka nyuma. Wanafunzi walikaa wawiliwawili kila hadubini, wameinama. Yule mama alipita taratibu nyuma yao, akaja akasimama mbele yangu.

"Hizi zote zinatumika?" aliuliza.

"Zinatumika," nikamjibu.

Na kweli, za kuazima zilikuwa zinatumika. Kwa wenyewe. Nilijibu nikimtazama usoni, na moyo wangu haukudunda hata kidogo. Walikula ugali na sato wa kukaanga, wakasifu mapishi, wakaondoka.

Jioni nikiwa jikoni binti yangu alikuja akasimama mlangoni. Aliniambia, "Mama, leo nimeona." Nikamuuliza ameona nini. Akasema vijidudu vya malaria, ndani ya damu, kwa macho yake mwenyewe, kwenye hadubini yenye nukta moja. Kabla ya hapo alikuwa akiviona kwenye kitabu, na kwenye hadubini zetu mbili aliona ukungu tu, kisha zamu yake inaisha. Mimi nilicheka. Nilimwambia ashukuru ugeni. Mtoto wa mwaka wa tatu ananiambia ndiyo kwanza leo ameona kitu alichokuja kusomea, nami nacheka, nakoroga mboga. Nikikumbuka kicheko hicho mwili unanisisimka mpaka leo.

Kesho yake nilizirudisha hadubini zote kumi na nne, kila moja kwa mwenyewe, bila kukosea. Mwenzangu wa kwaya alinisifu, akasema mimi ndiye wa kuazimwa.

Barua iliyofuata ilikuja baada ya kama miezi miwili. Mkuu wa chuo aliisoma peke yake ofisini, akatoka, akakaa kwenye ngazi za nje na tai yake, pale wanafunzi wa mwaka wa kwanza wanapokaa wakila mihogo. Nilipomwuliza kulikoni alinipa karatasi. Chuo kikuu kilikuwa kimevunja ushirikiano wetu. Vifaa vilivyooneshwa siku ya ukaguzi, waliandika, havikuwa vya chuo. Nilisoma sentensi hiyo mara tatu nikiwa nimesimama, na mara ya nne nikiwa nimekaa kando yake. Nilipigwa na butwaa. Sikujiuliza kama ni kweli. Nilijiuliza nani kawaambia, na vyombo vyote nilishavirudisha.

Mkuu wa chuo alikwenda mahakamani. Alidai kwamba chuo kikuu kimevunja mkataba bila kumsikiliza, na kwamba vifaa vilikuwapo, ila vingine vilikuwa vimepelekwa matengenezo. Mahakama ikaweka zuio la muda, mambo yabaki yalivyo mpaka kesi iamuliwe. Lakini kubaki kwenyewe kulikuwa kubaya, maana chuo kikuu hakikutunga mtihani wa mwisho. Mwaka wa tatu wakakaa. Wenye kwao mbali walirudi kwao. Binti yangu alikaa nyumbani, koti jeupe limetundikwa nyuma ya mlango, anafagia uwanja uliokwisha kufagiwa. Tukishinda kesi, angefanya mtihani na kuvaa joho. Tukishindwa, miaka mitatu yake ilikuwa imekwenda na maji. Jambo hilo nililijua kila nilipolala na kila nilipoamka.

Nikaitwa kuwa shahidi wa chuo. Wakili wetu, mzee mchangamfu mwenye mkoba uliopasuka, alinielekeza. Niseme hadubini zilikuwa ishirini. Nikioneshwa picha yoyote, niseme siifahamu, maana siku hizi picha zinatengenezwa kwenye simu. Kisha akaongeza polepole kwamba mimi ndiye niliyeshika joho la binti yangu. Nilikubali. Nisijitie utakatifu, nilikubali upesi sana.

Kule nyumbani nilimweleza binti yangu niliyofundishwa, nikidhani atafurahi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Sawa, mama," akaendelea kufua.

Siku ya ushahidi niliwahi. Juu ya paa la mahakama walikuwa wamesimama korongo wawili, wale ndege wakubwa wa Mwanza wenye vipara, wanatutazama. Kwenye korido binti mmoja aliyevaa joho jeusi alipiga goti kidogo akaniamkia shikamoo. Nikamwitikia marahaba mwanangu, nikajisemea kuwa hata mahakamani kumbe kuna watoto waliolelewa. Alikuwa wakili wa chuo kikuu.

Niliapa kwa Biblia. Wakili wetu aliniuliza yake, nikajibu kama nilivyofundishwa, hadubini ishirini, na sauti yangu haikukwama. Mkuu wa chuo alikuwa benchi la mbele akitikisa kichwa kunikubalia. Nyuma kabisa, kwenye safu ya wanafunzi, alikaa binti yangu.

Kisha yule binti wa korido akasimama. Hakuniita mama tena. Aliniita shahidi. Akanipa picha ya kwanza, hadubini imelazwa juu ya meza ya mbao, kitako kimeelekezwa juu, na nukta moja nyekundu katikati. Alisema picha hiyo walipiga wakaguzi katika sekondari moja ya Ilemela, wiki tatu baada ya ukaguzi. Walikwenda kule kwa sababu kuna mtu aliwaandikia. Nilifungua mdomo niseme siifahamu, lakini aliinua mkono kwa upole akaniambia nisubiri, niangalie kwanza ya pili.

Picha ya pili ilipigwa kwetu. Niliviona vigae vyetu vyeupe, na pembeni ukingo wa kaunta ya baa. Hadubini ilikuwa imegeuzwa, nukta moja, rangi bado mbichi inang'aa. Aliyepiga alikuwa ameishika kwa mkono mmoja ili isidondoke, na kwenye kona ya picha kilitokea kidole gumba cha kushoto, chenye kovu refu kutoka kwenye ukucha mpaka kwenye kiungo.

Nilishawahi kupewa habari za msiba nikiwa nimesimama sokoni, na sikushtuka vile. Masikio yaliziba. Niliona midomo ya wakili inatembea na sikumsikia. Kidole kile nilikifunga mimi, kwa kipande cha kanga, nikakipuliza, nikakibusu. Katika chumba kizima, jaji, mawakili, karani, mkuu wa chuo, hakuna aliyejua ni cha nani ila mimi na mwenyewe. Nilitaka kugeuka nimtazame na shingo ikakataa.

"Shahidi, alama hiyo unaifahamu?"

Ningesema siifahamu, ningekuwa nimesema picha ile ni ya uongo. Na aliyeipiga alikuwa nyuma yangu, ananisikiliza. Joho lake la mahafali lilikuwa upande mmoja na yeye mwenyewe alikuwa upande wa pili, na aliyeyatenganisha hayo mawili ni yeye.

"Naifahamu," nikasema. "Ni yangu. Niliipaka mimi."

Jaji alikuwa akiandika kwa mkono. Aliinua kichwa akaniomba nirudie, polepole, ili aandike vizuri. Hicho sitakisahau. Jambo ambalo lilinitoka mara moja kwa kupasuka, nikatakiwa nilitoe tena kwa utulivu, neno baada ya neno, huku kalamu ikinifuata. Niliipaka. Mimi. Ili nisikosee. Kuzirudisha.

Wakili akaniuliza hadubini za chuo chenyewe ni zipi. Nikamwambia zisizo na alama, ni sita. Akauliza zinazofanya kazi ni ngapi, nikamwambia mbili. Akasema ahsante, akakaa. Mkuu wa chuo alikuwa ameinamisha uso ndani ya viganja vyake, na mkoba wa wakili wetu ulikuwa umedondoka sakafuni bila mtu kuuokota.

Nje nilimkuta binti yangu amesimama peke yake karibu na ukuta. Wanafunzi wenzake walikuwa mbali, wananitazama kwa macho ya watu walioibiwa. Nilimshika mkono nikaukunjua, nikakitazama kile kidole, kama vile ningeweza kuwa nimekosea.

"Ni wewe?"

"Ni mimi, mama."

"Kwa nini?"

"Niliomba hadubini," alisema. "Sikuomba watufute."

Kisha akanieleza yote pale ukutani, na hakulia. Picha aliipiga siku ile bila nia yoyote, alisema, ila ilimkereketa kuona kitu alichokihitaji kinatiwa alama ya kurudishwa kabla hajakitumia. Wiki moja baada ya ukaguzi walipelekwa mazoezini hospitalini. Akaletewa damu ya mtoto mwenye homa. Akainama kwenye hadubini ya hospitali, nzuri, nzima, na hakujua anaangalia nini. Mara moja aliyoona ilikuwa kwa dakika tano, siku ya wageni. Akaandika kwamba hakuna malaria. Mtaalamu wa hospitali alirudia kupima kwa sababu ni desturi yao kurudia kazi ya wanafunzi, akakuta vijidudu vimejaa. Mtoto alitibiwa, akapona. Lakini mama wa mtoto alikuwa ameshakunja kanga tayari kumbeba kurudi naye nyumbani.

"Alinishukuru, mama," alisema. "Nilimwambia mwanao hana malaria, akanishukuru."

Ndipo alipoandika kwa chuo kikuu. Aliwaza watakuja kumfokea mkuu wa chuo, vifaa vitanunuliwa, basi. Mwandiko wake, picha yake, bila jina. Mama yake hakumtaja kabisa. Wala hakuniambia, kwa sababu alijua ningemwambia aifute ile picha.

Ningemwambia afute. Nilikasirika kwa sababu alikuwa sahihi hata kwenye hilo. Nilimkasirikia kwa siku nyingi. Nilikuwa napika, napakua, naweka sahani mbele yake bila neno. Watu wa mtaani walinipa jina jipya, Mama Hadubini, na wengine walinigeuzia vikombe vyao wakicheka wakiniuliza kama vimehesabiwa. Nilicheka nao, maana mficha uchi hazai, lakini nilikuwa nikifika nyumbani nakaa kitandani na viatu.

Hukumu ilisomwa karibu saa nzima. Tulishindwa. Jaji alisema chuo kikuu kilikuwa na haki ya kuvunja ushirikiano, kwani ulijengwa juu ya vitu visivyokuwapo. Lakini akasema mkataba huohuo uliwabana kuwamalizia masomo wanafunzi waliokwisha kuandikishwa. Watawachukua. Mwaka wa tatu watarudia mwaka mzima wa mafunzo ya vitendo, kulekule chuo kikuu, ndipo wafanye mtihani. Wanafunzi hawakujua washangilie au walie, wakafanya vyote viwili. Mkuu wa chuo alinipita mlangoni. Nilimpa pole, akaniitikia, na tangu siku hiyo tukikutana njiani tunasalimiana kwa adabu sana, zaidi ya zamani.

Chuo kilifungwa. Lile jengo sasa ni gesti tena, na nimesikia kaunta imerudi kwenye kazi yake ya zamani, na vigae vyangu vyeupe juu yake.

Wiki moja kabla binti yangu hajasafiri kulitokea msiba nyumba ya tatu kutoka kwetu. Siku ya kutawanyika nilikuwa uani nimezungukwa na vyombo, na sikuwa na moyo wa kuvigusa. Yeye akaja akachuchumaa mbele yangu bila kuitwa. Akageuza sahani ya kwanza, akasoma, "Nukta mbili." Nikampokea nikaiweka panapostahili. Akageuza nyingine. Tulifanya hivyo mpaka vyombo vikaisha, yeye anasoma, mimi napokea, na hayo ndiyo yalikuwa maneno yetu ya kwanza tangu mahakamani.

Alipofika kule hakupiga simu siku tatu. Siku ya nne, mchana, niko jikoni nachambua mchicha, simu ikaita.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Umekula?"

Alisema amekula. Akasema leo wameingia maabara, na kila mtu amepewa hadubini yake, ya peke yake, kwa mwaka mzima. Yeye kabla ya kuiwasha aliigeuza kwanza. Wenzake wapya wakamshangaa.

"Ina alama?" nikamuuliza.

"Haina."

Nilikalia ndoo. Nikamuuliza ameona nini. Sauti yake ikashuka, ikawa ya mtu aliyepigwa na kitu.

"Wamenipa damu yenye malaria. Vijidudu viko vingi, mama, vinaonekana waziwazi, hata wewe ungeviona. Hivi ndivyo vilivyokuwa kwa yule mtoto."

Nilimwambia kuna mtu anabisha hodi, nikakata simu. Mlangoni hakukuwa na mtu.